Lakabu na Tarakimu Zake: Uhakiki wa Tafsiri za Kubahatisha

Yapo majina ambayo wafasiri, walimu na maofisa wa serikali huletewa siku hizi, wakatakiwa waseme yana maana gani. Si majina yaliyoandikwa katika vyeti vya kuzaliwa, wala si majina ya mahali. Ni yale ambayo mtu hujipachika mwenyewe afunguapo anwani ya baruapepe au ajiungapo na mtandao wa kijamii: neno moja au mawili yaliyogandamana, kisha tarakimu mbili, tatu au nne mkiani. Mwenye kuuliza hutaka jibu papo hapo. Naye aulizwaye, kwa kuwa anahesabiwa kuwa mjuzi wa lugha, huona haya kusema kwamba hajui, basi hubahatisha. Tunakusudia kulihakiki bahatisho hilo, kwa sababu limeanza kupokewa kuwa ni tafsiri, na tafsiri ikishaingia katika jalada la ofisi huwa ni ushahidi. Tangu Tanzania ilipotunga Sheria ya Makosa ya Mtandao mwaka 2015, na Kenya ikatunga yake mwaka 2018, jina la namna hii limepata njia ya kumfikisha mwenyewe mahakamani.

Tuanze na mfano tuliotunga wenyewe: Mkulima88. Sehemu ya kwanza haina utata. Ama ile ya pili, mfasiri aliyepitia orodha za alama za chuki zilizokusanywa Ulaya na Marekani atajibu bila kusita kwamba 88 ni salamu ya wafuasi wa Hitler: herufi ya nane ya alfabeti ni H, na H mbili ni kifupi cha salamu yao. Jambo hilo ni kweli, wala hatumlaumu kwa kulijua. Lakini mpeleke Mkulima huyo kwa Mchina, naye atakuambia kwamba nane mbili, zikitamkwa kwa lugha yake, hukaribiana na neno la Kiingereza la kuagana, na kwamba nane ni namba ya heri. Mpeleke kwa mwendeshaji wa redio ya ridhaa, atakuambia kuwa 88 mwishoni mwa ujumbe ni mahaba na mabusu. Kisha mrudishe kwao. Mtanzania aliyepata kwenda kwenye viwanja vya Nzuguni, Dodoma, au Themi, Arusha, hatahitaji kuambiwa lolote: mkulima na nane mbili ni Nane Nane, sikukuu ya wakulima, tarehe 8 Agosti. Na huenda wote hao wamekosea, mwenye jina akawa amezaliwa tu mwaka 1988.

Kosa la mfasiri wa kwanza si kwamba alisema uongo. Alifungua kufuli la jirani kwa ufunguo wa mtu wa mbali, na kufuli likafunguka, basi akadhani ndio ufunguo wake. Hili ndilo linalotutia wasiwasi katika tafsiri za kubahatisha: karibu kila mara hufaulu. Tarakimu mbili tu, zikitafutwa kwa bidii, hazikosi maana ya kutisha mahali fulani duniani, kama zisivyokosa maana ya heri mahali pengine. Kijana anayeomba kazi au nafasi ya masomo, ambaye anwani yake ina 88 kwa sababu ya mwaka aliozaliwa, anaweza kuwekwa kando na karani ambaye hatamwambia kamwe kwa nini amewekwa kando. Hapo hakuna rufani, kwa kuwa hakuna hukumu iliyotamkwa.

Wala tusifikiri kwamba hatari hiyo huletwa na wageni peke yao. Saba Saba ni maneno ya Kiswahili kitupu, na tarehe ni ileile pande zote mbili za mpaka. Kwa Mtanzania ni tarehe 7 Julai 1954, siku kilipoundwa chama cha TANU, na leo ni maonyesho ya biashara ya Dar es Salaam. Kwa Mkenya ni tarehe 7 Julai 1990, siku ya mkutano wa Kamukunji wa kudai vyama vingi, uliokabiliwa na polisi. Mtu akijiita Mzalendo77 mjini Nairobi, na mwingine akajiita hivyohivyo mjini Tabora, mfasiri asiyejua walikotoka ana majibu mawili yanayotofautiana kama usiku na mchana, yote kutoka katika lugha moja.

Kwa kadiri tuonavyo, chanzo cha makosa haya ni kuyachanganya mambo matatu ambayo Kiswahili kimeyapa majina matatu: fumbo, msimbo na kitambulisho. Fumbo limetungwa ili lifumbuliwe. Katika kitendawili mna mapatano yanayofahamika na kila mtoto: mmoja hutega, mwenzake hujaribu, na akishindwa humpa mtegaji mji, ndipo apewe jibu. Mtegaji halazimiki kusema kabla ya kupewa mji, ila akishapewa hana ruhusa ya kunyamaza. Msimbo ni kinyume chake: umetungwa ili wasiohusika wasiujue, lakini lazima wawepo angalau watu wawili wenye ufunguo mmoja. Michezo ya kuficha maneno tunayo tangu zamani. Watoto wa pwani walipozungumza kinyume, wakaitanguliza silabi ya mwisho hata nyumba ikawa mbanyu, hapo palikuwa na msimbo wenye kanuni inayoweza kuelezwa na kuthibitishwa. Kitambulisho kwa upande wake hakina jambo la kufumbua wala la kuficha. Kazi yake ni kumtenga mmoja na wengine. Namba ya gari haimaanishi gari.

Basi anayekaa kulikisia jina la mtandaoni hulichukua kitambulisho akakifanya fumbo, naye hana wa kumpa mji. Mwenye jina hakutega. Hajui hata kama kuna mtu anayetegua.

Kuna watakaosema kwamba tunapiga kelele juu ya maneno. Ndiyo, ndiyo kazi yetu. Lakini yatazameni maneno yenyewe yalivyo ovyo katika fomu tunazojaziwa. Namba, nambari na tarakimu hutumiwa kana kwamba ni kitu kimoja. Tarakimu ni alama iandikwayo, na alama hizo ni kumi tu, kuanzia 0 hadi 9. Namba ni kiasi au nafasi ambayo alama hizo huonyesha. Nane mbili katika Mkulima88 ni tarakimu bila shaka. Kama ni namba, hilo ndilo swali lenyewe. Anayeandika „namba 88 iliyomo katika jina” amekwisha toa jibu kabla ya kuulizwa, kwani ameamua kwamba kuna kitu kilichohesabiwa. Nao wale waandikao „kodi” wakikusudia msimbo wametuletea balaa jingine, maana kodi ni ile inayotozwa na serikali na ile anayodai mwenye nyumba. Neno „postikodi” limeshika mizizi nchini Tanzania pamoja na anwani za makazi, wala hatutarajii kuling'oa, lakini mwananchi anayeambiwa na mashine „ingiza kodi yako” ana haki ya kuuliza kiasi gani.

Sasa tutazame njia ambazo tarakimu huingilia katika majina, maana hapa ndipo mfasiri anapoweza kufanya kazi ya kweli badala ya kupiga ramli.

Iliyo karibu nasi zaidi, ambayo walimu wengi wameipuuza kwa kuiona uchafu wa vijana, ni tarakimu inayosimama mahali pa silabi ya Kiswahili. Tangu simu za mkononi zilipoenea, vijana huandika m2 kwa mtu, ki2 kwa kitu, 2po kwa tupo na 2taonana kwa tutaonana. Ajabu yake ni kwamba sauti „tu” haitoki katika neno mbili; inatoka katika jina la Kiingereza la tarakimu hiyo, na hata hivyo neno linalopatikana ni la Kiswahili halisi, lenye viambishi vyake vyote. Ajuaye Kiswahili peke yake hukwama, na ajuaye Kiingereza peke yake hukwama vilevile. Zaidi ya hayo, sarufi yetu huleta utata ambao lugha asili ya tarakimu hiyo haiujui. Chukua jina Wa2Wema. Kwa mazoea ya vijana ni „watu wema”. Lakini kiambishi wa- kikifuatwa na mbili hutoa „wawili”, na „wawili wema” ni maneno yenye maana kamili, ambayo mume na mke wenye duka wangeweza kuyachagua. Hali kadhalika vi2 ni vitu au viwili. Mfasiri anayeandika „watu wema” bila kutaja uwezekano wa pili ameficha nusu ya alichokiona. Na mwalimu anayeyafuta yote kwa kalamu nyekundu amepoteza somo zuri la upatanisho wa kisarufi, ambalo wanafunzi wenyewe wamemletea mezani.

Watu wa mataifa mengine wana michezo kama hiyo, kila mmoja kwa sauti za kwao. Kwa Kithai tano hutamkwa „ha”, basi 555 ni kicheko. Kwa Kichina 520 hukaribia maneno ya „nakupenda”. Hatuna haja ya kukawia hapo.

Njia ya pili ni ya umbo. Waarabu walipoanza kuandika lugha yao kwa herufi za Kilatini katika simu na kompyuta, walikuta herufi kadhaa hazina mwenzake, wakazichukulia tarakimu zinazofanana nazo kwa sura: 3 kwa ain, 7 kwa ile ha ya kooni. Ndiyo maana jina Saidi huandikwa Sa3id, na Hamadi huandikwa 7amad. Jambo hili linatuhusu moja kwa moja, kwa sababu wapo wasemaji wa Kiswahili walioko Muscat wanaoandikiana kila siku na ndugu zao wa Unguja na Pemba, na majina ya namna hiyo hupita baina yao. Karani wa huku anayesoma „Sa, tatu, id” na kuuliza hao wengine wawili wako wapi hana kosa la uvivu, ni kwamba Kiswahili kilikwisha imeza ain zamani, tukabaki na Saidi na Omari bila kuiona pengo. Ile tatu imeirudisha herufi ambayo sisi tuliiacha. Hapo tarakimu si namba hata kidogo, wala hakuna siri yoyote, ni tahajia.

Njia ya tatu ni ya thamani, nayo ni kongwe kuliko mashine zote. Katika hesabu ya abjadi kila herufi ya Kiarabu ina thamani yake. Herufi za bismi hutoa 102. Za Allah, 66. Za ar-Rahman, 329. Za ar-Rahim, 289. Ukizijumlisha hupata 786. Wasomaji wa pwani wameiona 786 juu ya milango ya maduka na vichwani mwa barua, hasa kwa Waislamu wenye asili ya Bara Hindi, wanaoiandika ili jina tukufu lisitupwe pamoja na karatasi. Angalieni lakini kwamba njia hii huenda upande mmoja tu. Kutoka katika maneno kwenda katika 786 ni hesabu, na yeyote anaweza kuikagua. Kutoka katika 786 kurudi kwenye maneno si hesabu, kwa maana maneno mengine chungu nzima yanaweza kutoa jumla hiyohiyo. Kinachoturudisha ni mazoea ya watu, si kanuni ya abjadi. Mtu akijiita Juma786, huenda amebismilia. Huenda pia zikawa tarakimu tatu za mwisho za namba yake ya simu.

Kuna tarakimu za usajili: 255 kwa Tanzania na 254 kwa Kenya, ambazo asili yake ni misimbo ya simu za kimataifa, na leo vijana huzivaa kama bendera. Tangu Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 ilipoorodhesha kaunti 47, Mombasa ikatangulia, 001 imekuwa jina la pili la Mombasa. Hizi ni rahisi. Na kuna zile zisizo na maana yoyote, ambazo tungependa mfasiri azikumbuke mapema zaidi kuliko anavyofanya. Mtandao wa Discord ulipachika tarakimu nne nyuma ya kila jina, na isipokuwa kwa aliyelipia kuzichagua, mashine ndiyo iliyozigawa. Utaratibu huo ulianza kuachwa mwaka 2023. Kabla ya hapo, wateja wa CompuServe, huduma ya Marekani iliyoitangulia intaneti tuijuayo, walijulikana kwa tarakimu tupu zenye mkato katikati, na kwa kuwa mashine zake zilihesabu kwa msingi wa nane, hakuna mteja aliyepata 8 wala 9. Mpiga ramli angeweza kutunga kitabu kizima juu ya kukosekana kwa nane na tisa.

Hata hesabu ya saa huweza kuiondoa maana au kuileta. Michezo ya Olimpiki ya Beijing ilifunguliwa tarehe 8 Agosti 2008, saa iliyochaguliwa ili nane ziandamane: nane usiku. Hiyo ni kwa saa za Kizungu. Kwa saa zetu ilikuwa saa mbili, na heri moja imekwisha tuponyoka.

Hatusemi kwamba mfasiri afumbe macho. Mwaka 2007, katika kampeni za uchaguzi nchini Kenya, yalisikika maneno „41 dhidi ya 1”. Asiyejua kwamba Wakenya walizoea kuhesabu makabila yao kuwa 42 angedhani ni matokeo ya mchezo. Aliyejua alielewa kwamba kabila moja lilikuwa linatengwa na mengine yote. Katika machafuko yaliyofuata uchaguzi huo walikufa watu zaidi ya 1,000. Hatudai kwamba tarakimu ndizo zilizoua, lakini mfasiri ambaye siku hizo angeandika „arobaini na moja dhidi ya moja” na kuendelea na sentensi inayofuata angekuwa amemnyima msomaji wake jambo alilostahili kulijua. Tofauti kati ya mfano huu na Mkulima88 iko wazi. Huko palikuwa na wasemaji wengi, wakati mmoja, mahali pamoja, na hesabu iliyofahamika na wote waliosikia. Kwa ufupi, ufunguo ulikuwepo na ulionekana. Kwa Mkulima tuna neno moja na tarakimu mbili.

Turudi kwenye istilahi. „Jina la mtumiaji” limekubalika katika fomu, nasi hatuna ugomvi nalo likikaa humohumo, juu ya kisanduku cha kujaza. Nje ya fomu halitoshi, kwa sababu halisemi kwamba mtu amejichagulia. Tunalo neno lakabu, na lina historia inayoshangaza kwa kufanana na jambo hili. Washairi wa magazetini walijulikana kwa lakabu zao. Akilimali wa Tanzania alijiita Snow-White, na hakuna aliyemshuku kuwa mgeni. Chini ya shairi ilikuja lakabu, na chini ya lakabu sanduku la posta: S.L.P., tarakimu kadhaa, na mji. Wasomaji walijibizana na washairi kwa miaka mingi wakiwajua kwa lakabu na sanduku tu, wala hatukupata kusikia mtu akikaa kutafuta maana iliyofichwa katika namba ya sanduku. Tunapendekeza basi lakabu iwe jina la jumla la jina la kujichagulia mtandaoni, na kile kinachofuata kiitwe tarakimu za lakabu. Neno msimbo lisitumiwe mpaka ufunguo umeonyeshwa.

Limebaki jambo la kuandika na kusoma. Lakabu haifasiriwi, hunakiliwa herufi kwa herufi, kubwa na ndogo, pamoja na vistari vyake. Mfasiri akitakiwa maoni, ayaweke pembeni, aseme kila usomaji unategemea sharti gani: kama mwenyewe ni Mtanzania, kama alizaliwa mwaka fulani, kama maandishi yake mengine yanathibitisha. Na ikiwezekana, mwenyewe aulizwe. Njia hiyo imesahauliwa kwa sababu ni rahisi mno. Ugumu uko katika kusoma kwa sauti mbele ya baraza. Akisema „themanini na nane” ameifanya namba. Akisema „nane nane” ameiita sikukuu. Kwa sasa tunashauri asome „tarakimu nane, mara mbili”, ingawa tunakiri kwamba inachosha masikio, wasomaji wenye pendekezo jepesi zaidi watuletee kabla ya toleo lijalo.